Picha Isiyo na Kibao

Mama mwenye nyumba alivaa gauni lake la kanisani siku ile. Alikuwa ameambiwa kwamba watu wa uthamini watapita asubuhi, naye hakutaka wamkute na kanga ya jikoni. Walipofika walinyoosha utepe wakapima kuta, wakahesabu vyumba, milango na madirisha, wakauandika na mparachichi uliokuwa uani. Walipomaliza walimpa kibao chenye namba, wakamwomba asimame mbele ya nyumba akishike kifuani, na mmoja wao akampiga picha. Huo ndio utaratibu: mwenye mali, namba yake, na mali yenyewe nyuma yake, vyote katika picha moja, ili kesho asije mtu mwingine akadai kwamba nyumba ni yake.

Kwenye kibaraza cha nyumba hiyo alikuwapo mama lishe aliyepanga hapo miaka kumi na mmoja. Sufuria yake ya maharage ilikuwa motoni. Mpiga picha wa uthamini alimwonyesha kwa mkono asogee, naye akasogea. Mimi nilikuwa ng'ambo ya barabara, kamera yangu juu ya stendi, nikitengeneza filamu ya makala kuhusu nyumba zilizowekwa alama ya X katika mtaa wetu hapa Tunduma. Nikaona bega la yule mama bado limebaki ukingoni mwa picha yangu. Nikapaza sauti, "Samahani mama, sogea kidogo tena!" Akasogea tena, mwiko mkononi.

Nimepiga picha nyingi maishani. Hakuna inayoninyima usingizi kama ile ambayo yule mama hayumo.

Mji wa barabara

Mimi ni mtoto wa barabara hii. Baba yangu, Mnyiha wa Mbozi, alitoka kwao akiwa kijana kwenda kufanya kibarua kwenye ujenzi wa TAZARA, ile reli ya kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi New Kapiri Mposhi, iliyojengwa kwa msaada wa China na kukabidhiwa mwaka 1976. Reli ilipokwisha hakurudi kwenye kahawa ya baba yake. Alikuwa ameona mizigo inavyopita, akasema penye njia hapakosi riziki, akajenga Tunduma.

Msafiri anayeiona Tunduma kupitia kioo cha basi huona malori tu. Yamepangana kama shanga, yakisubiri kuvuka kwenda Nakonde upande wa Zambia, na kutoka huko kwenda Lusaka, Ndola, hadi Lubumbashi. Mafuta na bidhaa za bandarini huenda, shaba hurudi. Lakini nyuma ya malori kuna mji. Sensa ya 2012 ilitukuta karibu watu laki moja; ile ya 2022 ikatukuta tumevuka laki mbili. Katikati ya sensa hizo mbili, mwaka 2016, mkoa wa Songwe ulizaliwa kwa kumegwa kutoka Mbeya, makao makuu yakawa Vwawa.

Mji unaokua kwa kasi hiyo hukua kwa vyumba vya kupangisha. Kila aliyekuwa na kiwanja kando ya barabara kuu alijenga fremu mbele na vyumba nyuma. Ndani yake wakaingia wachenja fedha wa kwacha na shilingi, mawakala wa forodha, mafundi wa matairi, vinyozi, wauza vocha, wahudumu wa nyumba za wageni, mama lishe. Mwenye nyumba mmoja, wapangaji kumi au kumi na tano. Namwomba msomaji aishike hesabu hiyo, kwa sababu mimi niliisahau.

Barabara yenyewe siipingi, na nataka hilo lieleweke mapema. Nimeona madereva wakilala siku tatu kwenye usukani. Nimeona gari la wagonjwa likipiga king'ora katikati ya malori, na malori hayana pa kujibana. Kazi ya kuipanua barabara hii kuwa ya njia nne imekwisha kuanza upande wa Mbeya, kwenye kipande cha kilomita 29 kutoka Nsalaga hadi Ifisi, na mtu wa Tunduma anayeomba isifike kwake sijamwona. Mradi uliozipima nyumba za mtaa wetu siutaji kwa jina, maana kosa ninalotaka kulisimulia ni langu mwenyewe.

Alichohama nacho bibi

Nilianza kupiga picha za video kwenye harusi, vipaimara na sherehe za kuaga binti. Ni kazi nzuri, ilinilisha na ikanifundisha kushika kamera bila kutetemeka. Lakini kilichonipeleka kwenye nyumba zenye alama za X ni bibi yangu.

Bibi mzaa baba alihamishwa mwaka 1974. Novemba 1973 Mwalimu Nyerere alikuwa ametangaza kwamba kuishi katika vijiji sasa ni amri, na Operesheni Vijiji ikapita nchi nzima. Mamilioni ya watu walihama, wengine kwa hiari, wengine wakiona mapaa yao yakiezuliwa. Bibi alihamishwa kutoka kwenye mlima wenye chemchemi akapelekwa bondeni penye barabara. Alipokuwa mzee aliweza kuutaja ule mji wake wa zamani hatua kwa hatua: migomba ilipoanzia, kahawa ngapi, jiwe la kusagia, mahali alipomzika mtoto wake wa pili. Alitaja kwa kidole, kana kwamba vitu hivyo viko mbele yake ukutani. Sisi wajukuu tuliangalia ukuta, hatukuona kitu.

Hakuna picha hata moja ya mahali pale. Viongozi waliofungua vijiji vipya walipigwa picha. Waliohama hawakupigwa. Bibi alipofariki, ule mji ulikufa mara ya pili, na safari hii hapakuwa na wa kuutaja. Nilipoona X ya kwanza kwenye ukuta wa jirani, nilimkumbuka yeye. Nikajiapiza kwamba safari hii itabaki picha.

Rangi mbili za X

Mtu akitaka kutengeneza filamu kuhusu watu wanaohamishwa, lazima kwanza aisome sheria kama anavyoisoma Biblia au Korani: polepole na kwa kurudia. Mimi nilianza kurekodi kabla ya kusoma, nikapoteza miezi miwili kwa kurekodi hasira za watu bila kuelewa kila mtu amekasirikia nini.

Sheria ya Barabara ya 2007 iliongeza hifadhi ya barabara kuu kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande, ukipima kutoka katikati ya barabara. Zile mita saba na nusu zilizoongezeka ndizo zilizogawanya majirani. Aliyejenga ndani ya hifadhi ya zamani anaambiwa aliifuata barabara: X yake ni nyekundu, hana fidia. Aliyekuwa nje ya hifadhi ya zamani kisha sheria ikamkuta anaambiwa barabara ndiyo iliyomfuata: X yake ni ya kijani, anastahili kulipwa. Nyumba mbili zinazoshirikiana ukuta zinaweza kuwa na rangi mbili tofauti. Nimerekodi ndugu wawili wa tumbo moja, mmoja nyekundu na mwenzake kijani, ambao walikuwa wameacha kusalimiana.

Kwa yule wa kijani, kanuni za fidia za mwaka 2001 zinataja mambo mengi ambayo watu wengi hawayajui. Zaidi ya thamani ya ardhi na jengo kuna posho ya usumbufu. Kuna posho ya makazi, yaani kodi ya pango ya miezi 36. Kuna faida inayopotea, nayo ya miezi 36, kwa mwenye hesabu za biashara zinazoweza kuthibitishwa. Kuna posho ya usafiri, inayokokotolewa kwa gharama ya kusafirisha tani 12 za mizigo ndani ya kilomita 20. Malipo yakichelewa kupita miezi sita, yanatakiwa kuongezwa riba.

Niliyaweka yote haya kwenye filamu kwa lugha nyepesi. Mzee mmoja mstaafu aliyajua vizuri akayaeleza mbele ya kamera, na hadi leo naamini hiyo ndiyo sehemu iliyowasaidia watu zaidi. Filamu inayoonyesha machozi tu humwacha mtazamaji akilia pamoja na jirani yake. Ikimwonyesha na kifungu cha sheria, anaondoka anajua ofisi ya kwenda kesho.

Usiku wa kibanda umiza

Tulionyesha filamu ile usiku wa Jumapili kwenye kibanda umiza cha mtaani, kile ambacho siku nyingine huonyesha mpira wa Ulaya na filamu za kigeni zilizoingizwa sauti ya Kiswahili. Ilikuwa Juni, baridi ya Tunduma inayopenya hadi mifupani. Mabenchi yalijaa, waliokosa nafasi wakasimama mlangoni wamejifunika mablanketi. Mwenyekiti wa mtaa alikaa mbele. Filamu ilikuwa ya dakika 34.

Watu walicheka walipojiona, wakanyamaza mzee mstaafu alipoeleza zile tani 12, wakapiga makofi mwishoni. Mwenye nyumba wa gauni la kanisani alisimama akanishukuru. Nikajiona nimemaliza kazi.

Ndipo yule mama lishe akanyoosha mkono kutoka nyuma. Hakupandisha sauti. Alisema, "Mwanangu, nimeangalia tangu mwanzo mpaka mwisho. Nimeona nyumba, nimeona kibaraza changu, nimeona hata moshi wa jiko langu. Mimi niko wapi?"

Sikuwa na jibu. Akaendelea, "Waliopima hawakuniandika, nikasema sawa, wao wana fomu zao. Lakini wewe fomu yako aliyekupa ni nani?"

Kibanda kizima kilinyamaza. Kisha kinyozi akasema naye hayumo. Fundi wa matairi akasema hayumo. Dada wa vocha akasema. Nilihesabu usiku ule: katika filamu yangu walizungumza watu 14, na wote 14 walikuwa wenye nyumba. Wapangaji, ambao walikuwa wengi mara kumi, walipita nyuma ya picha kama watu wa njiani. Wahenga walisema asiyekuwapo na lake halipo. Hawa walikuwapo, na lao bado halikuwapo, kwa sababu mimi niliwaambia wasogee.

Fundisho lile limekuwa msingi wa kazi yangu yote. Uthamini una sababu yake ya kumtafuta mmiliki, kwa kuwa unalipa mali. Filamu hailipi mtu, haina sababu ya kufuata mpaka ule ule. Kamera ikitembea nyuma ya fomu, inaona kile tu ambacho fomu imekwisha kukiona, na hapo haina maana ya kuwapo.

Daftari la madeni

Nilianza upya. Safari hii sikwenda na stendi. Nilikwenda saa kumi na moja alfajiri, kabla malori hayajawasha injini, kwa sababu huo ndio wakati pekee ambao sauti ya mtu inasikika kando ya barabara yetu, na ndio wakati mama lishe anawasha moto. Siku nne za kwanza sikurekodi chochote. Nilimenya vitunguu.

Siku ya tano akanionyesha daftari. Lilikuwa la shule, la kurasa 80, jalada limeshika mafuta. Ndani yake alikuwa ameandika madeni ya madereva na matingo: jina au jina la utani, namba ya gari, alichokula, tarehe. Wengine Watanzania, wengine Wazambia, wengine Wakongo. Dereva akipita kwenda Lubumbashi na mfukoni hana kitu, anakula. Akirudi na malipo ya safari, analipa. Mzunguko huo unaweza kuchukua wiki tatu au zaidi. Madereva wanamwamini, naye anawaamini, na kinachofanya uaminifu huo ufanye kazi ni kibaraza kile. Wote wanajua pa kumpata.

"Mimi mzigo wangu haufiki tani 12," aliniambia. "Masufuria, mabenchi mawili, jiko, sahani. Toroli moja linabeba. Lakini hili daftari, nikiondoka hapa, linakuwa karatasi za kufungia maandazi."

Sijawahi kusikia mtaalamu akieleza hasara ya mpangaji kwa uwazi namna ile. Hakuwa na hesabu zilizokaguliwa ambazo kanuni zinazihitaji kwa faida inayopotea. Alichokuwa nacho ni biashara ya miaka kumi na mmoja iliyosimama juu ya mita tatu za saruji ya mtu mwingine. Viwango vya Benki ya Dunia vilivyoanza kutumika Oktoba 2018 kwenye miradi inayoifadhili vinataka hata watu wasio na haki ya kisheria juu ya ardhi wahesabiwe, na riziki zao ziangaliwe. Miradi mingi ya kwetu haipiti njia hiyo. Hapo ndipo mtu kama huyu anapoanguka katikati, na hakuna anayesikia kishindo.

Mei 2020 Zambia ilipoufunga mpaka wa Nakonde kwa sababu ya korona, malori yalijipanga hadi macho yakachoka kuyafuata. Madereva waliishiwa fedha. Nilimrekodi yule mama akipika sufuria mbili badala ya moja na kuandika kurasa tisa za deni katika siku chache. Nilipomuuliza kama haogopi, alisema mtu mwenye njaa mlangoni kwako si wa kumwuliza ana nini mfukoni. Mpaka ulipofunguliwa, wengi walirudi kulipa.

Niliyoyakata

Katika filamu ya pili nilimpa mama lishe kamera ndogo, nikampa kinyozi nyingine, wakarekodi wenyewe kwa wiki sita. Picha zao zilitikisika na sauti iliparaza, lakini waliona ambavyo nisingeviona. Kinyozi alirekodi kioo chake kwa dakika nzima, kwa sababu ndani ya kioo kile barabara yote inaonekana kinyume, na alisema hivyo ndivyo alivyoiona Tunduma kwa miaka minane.

Kazi ngumu ilikuja kwenye kuhariri. Mtu akikuamini husema mambo yanayoweza kumwumiza. Baba mmoja alitaja mbele ya kamera kiasi kamili cha fidia aliyotarajia. Nikakikata, maana mtaa wenye wezi na ndugu wenye madai haupaswi kujua. Mwingine alinionyesha chumba alichokiongeza baada ya tarehe ya uthamini, nikakikata. Wapo waliozungumzia njia za panya za kuvushia bidhaa. Nikazikata zote, ingawa zilikuwa picha za kusisimua. Pale mpakani penyewe, kwenye kituo cha forodha, sikuelekeza kamera kabisa bila kibali. Na kabla ya yote nilipita kwa mwenyekiti wa mtaa na mtendaji, nikafuata utaratibu wa Bodi ya Filamu. Kamera isiyojitambulisha hugeuka kuwa mashaka, na mashaka hayo humwangukia mwenyeji, kwa kuwa mgeni huondoka.

Kanuni niliyojiwekea ni moja. Kila aliyerekodiwa anaitazama sehemu yake kwanza, peke yake au na familia yake, na akisema toa, natoa. Nimepoteza picha nzuri sana kwa kanuni hiyo. Sijapoteza jirani.

Wengine waliotutangulia

Baadaye niligundua kwamba nilichojifunza kwa aibu, wengine walikwisha kukijaribu. Mwaka 1967, katika kisiwa cha Fogo huko Newfoundland, Kanada, serikali ilikuwa ikiwahamisha watu wa vijiji vidogo vya uvuvi kwenda kwenye miji. Mtengeneza filamu Colin Low, akifanya kazi na Donald Snowden wa Chuo Kikuu cha Memorial, alirekodi filamu fupi 27 pamoja na wanakisiwa. Walizionyesha kwa wanakisiwa wenyewe kwanza, kijiji kwa kijiji, na watu waliokuwa hawajui kwamba wana shida moja wakajua. Kisha zikapelekwa kwa viongozi, na majibu ya kiongozi nayo yakarekodiwa na kurudishwa kisiwani. Watu wa Fogo walianzisha ushirika wao wa uvuvi, wakabaki.

Mbinu ile ilifika hata kwetu. Katika miaka ya 1990, wavuvi wa Mtwara na Lindi walishika kamera pamoja na kundi la Maneno Mengi kupinga uvuvi wa baruti. Waliozungumza kwenye kanda zile ni wavuvi wenyewe, na kanda zikafika kwa wenye mamlaka.

Nikilinganisha na hayo, naikumbuka filamu ya Hubert Sauper ya mwaka 2004, Darwin's Nightmare, iliyohusu sangara wa Mwanza. Ilizunguka ulimwengu, ikashinda tuzo, na mwaka 2006 Rais Kikwete akaikosoa hadharani, watu wakaandamana Mwanza. Sitaki kuamua hapa nani alikuwa na haki. Ninachokiona ni kwamba mjadala wa Mwanza ulikuja baada ya wengine kuiona filamu. Kama ingekaa kwanza kwenye kibanda umiza cha Mwanza, huenda mama mmoja angenyoosha mkono kutoka nyuma, na filamu ingekuwa nyingine.

Naikumbuka pia Kimara ya Dar es Salaam. Mwaka 2017, kwa ajili ya upanuzi wa Barabara ya Morogoro, zaidi ya nyumba elfu moja zilivunjwa kuelekea Kibaha. Hifadhi ya pale ilihesabiwa mita 121.5 kila upande, na wengi waliambiwa hawana fidia. Picha nilizoziona mimi wakati ule zilikuwa za katapila na vifusi. Katapila hufanana popote. Kilichotofautiana ni maisha yaliyokuwamo jana yake, na hayo sikuyaona.

Ilichofanya na isichofanya

Filamu yetu ya pili haikubadilisha mstari wa barabara. Haikumwongezea mtu yeyote fidia. Nyumba zenye X zilivunjwa, nyingine na wenyewe kwa nyundo ili waokoe mabati na matofali. Mtu akikuahidi kwamba filamu itazuia greda, usimpe namba yako ya simu.

Lakini kuna mambo mawili ilifanya. La kwanza, baada ya kuiona, wenye nyumba watano walikubaliana kuwapa wapangaji wao taarifa ya miezi mitatu na kuwarudishia kodi waliyolipwa mbele. Hakuna sheria iliyowasukuma. Waliwaona tu wapangaji wao ukutani, usiku, mbele ya mtaa mzima. Wale ndugu wawili wa X nyekundu na kijani walikaa benchi moja usiku ule. Sijui walisema nini njiani, ila waliondoka pamoja.

La pili lilitoka kwa dada wa vocha. Alisema, "Kaka, hiyo filamu ni ndefu kwa dereva. Kata dakika moja tu, mama aseme anahamia wapi." Tukakata dakika moja. Mama lishe ameshika mwiko, anasema jina lake, anasema kibaraza kinaondoka, sasa atakuwa Mpemba, upande wa kulia ukitokea Vwawa, na daftari analo. Ile dakika ikaingia kwenye makundi ya WhatsApp ya madereva, ikavuka Nakonde, ikafika mahali ambapo mimi sijafika. Wiki ya pili lori moja lilisimama Mpemba, dereva akashuka akauliza, "Mama wa daftari ni nani hapa?" Akalipa deni la miezi miwili, akaagiza ugali na maharage.

Hawakulipa wote. Yeye mwenyewe anakadiria nusu. Lakini nusu ya daftari lile ilitosha kununua mabati ya kibanda kipya.

Neno kwa mwenye simu

Leo kila kijana wa Tunduma, Vwawa, Mlowo au Mkwajuni ana kamera mfukoni nzuri kuliko ile niliyoanza nayo mimi kwenye harusi. Kwa hiyo nasema nanyi. Msisubiri katapila. Siku katapila inapokuja, kila mtu anarekodi, na hakuna anayesikiliza. Anzeni siku mnapowaona watu wa vipimo wakichomeka vigingi vyao. Soma sheria kwanza, jitambulishe kwa mwenyekiti, keti, menya vitunguu. Uliza mtu anahama na nini, kisha uliza anaacha nini. Onyesha mtaani kabla hujaweka mtandaoni.

Bibi yangu hakuachiwa picha ya mlima wake. Mama mwenye nyumba anayo yake, yenye namba, katika faili la serikali. Mama lishe ana picha moja niliyompiga siku ya mwisho kwenye kibaraza kile, mikono yake ikiwa juu ya daftari, bila kibao. Ameitundika kwenye kibanda chake cha Mpemba, juu ya jiko, na moshi umeanza kuipaka rangi.

Ukishika kamera na ukaona bega la mtu limebaki ukingoni mwa picha yako, usimwambie asogee. Geuza kamera.